NDEGE MKAMATA NZI WA KINAMASI: ANATUFUNDISHA NINI SISI WA BONDE LA NGERENGERE?



Mmezoea kusoma hapa habari za visima, mbegu bora, vikundi vya akina mama na ujenzi wa madarasa. Safari hii tunazungumzia ndege mdogo anayekaa penye maji. Huenda mwanakamati mmoja akauliza, "Tuna njaa na ukame, ndege anahusika vipi na maendeleo?" Swali hilo ni la haki. Jibu letu ni kwamba ndege huyu hawezi kuishi mahali ambapo majani ya kandokando ya maji yamefyekwa yote. Na mahali hapo hapo, si muda mrefu, binadamu naye huanza kulalamikia maji. Kwa hiyo tukimwelewa ndege, tutauelewa mto wetu.

NDEGE MWENYEWE

Katika jamii kubwa ya ndege wanaokamata wadudu hewani yumo mmoja aliyechagua kuishi kwenye vinamasi. Wataalamu humwita kwa jina la Kilatini Muscicapa aquatica, yaani mkamata nzi wa majini. Ni mdogo, urefu wake ni kama sentimita 14 kutoka ncha ya mdomo hadi ncha ya mkia. Mgongo wake ni wa kahawia iliyokolea kijivu, koo ni jeupe, kifuani ana mkanda wa kahawia, na tumbo ni jeupe. Hana rangi za kujivunia wala wimbo wa kumsimamisha mpita njia. Wengi wanamwona kila siku bila kumtambua.

Kazi yake ni rahisi kuieleza. Anatua juu ya tete, au juu ya funjo lililoinama, au kwenye kijiti kilichochomoza majini. Hapo hutulia akitazama. Mdudu akipita, anaruka ghafla, anamdaka hewani, kisha anarudi kukaa, mara nyingi pale pale alipokuwa. Mtu akikaa kimya kwa dakika 10 atauona mchezo huo mara kadhaa. Si mwoga sana. Mvuvi akipita na mtumbwi, ndege huyu humwacha asogee karibu kabla ya kuondoka.

Wakati wa kutaga, mara nyingi hutumia kiota kikuukuu kilichoachwa na mnana, wale ndege wanaosuka viota vinavyoning'inia kwenye matete na matawi juu ya maji. Tukate matete yote, mnana ataondoka. Mnana akiondoka, mkamata nzi amekosa nyumba. Viumbe wa kinamasi wanategemeana kama matofali ya ukuta mmoja.

ANAPATIKANA WAPI?

Tuseme wazi ili tusimpotoshe msomaji: ndege huyu si mwenyeji wa Ngerengere. Kwa nchi yetu, makao yake ni upande wa magharibi, kwenye kingo za Ziwa Victoria na vinamasi vya kaskazini-magharibi. Anapatikana pia Uganda, magharibi mwa Kenya, Rwanda na mashariki mwa Kongo, na kwingineko Afrika hadi nchi za magharibi kama Senegal. Kwa dunia nzima hajahesabiwa kuwa katika hatari ya kutoweka.

Huku kwetu tunao ndugu zake, na kila mmoja ameshika sehemu yake. Juu kwenye misitu ya Uluguru kuna mkamata nzi wa milimani, mdogo na wa rangi ya moshi, anayependa kingo za msitu. Chini, kwenye miti iliyofuata mito, kuna yule wa rangi ya kijivu-samawati. Kuanzia Oktoba hivi hadi Aprili huja mgeni wa tatu, mwenye michirizi kifuani, anayezalia Ulaya na kukimbilia kwetu wakati kwao ni baridi. Mgeni huyo hutua juu ya vijiti na nguzo za uzio, akikamata wadudu mashambani mwetu. Wafadhili wetu wa Uingereza huenda wanamfahamu, kwa sababu hujenga kiota hata kwenye kuta za nyumba na bustani. Huko kwao idadi yake imeshuka kwa zaidi ya robo tatu tangu miaka ya 1970. Basi mtoaji wa msaada na mpokeaji wa msaada wanatunza ndege mmoja, kila mmoja kwa nusu ya mwaka.

KINAMASI KINAFANYA KAZI GANI?

Watu wengi huona kinamasi kama ardhi iliyopotea bure. Tuangalie kazi zake nne.

Kwanza, kinapunguza mwendo wa maji. Mvua kubwa ikinyesha Uluguru, maji hushuka kwa kasi. Yakikuta matete na mafunjo, mwendo wake unavunjika na kutawanyika. Mafuriko ya siku moja yanageuka kuwa maji ya siku nyingi.

Pili, kinachuja. Maji yakipunguza mwendo, udongo uliomo hutua chini. Mizizi hufyonza mbolea iliyosombwa kutoka mashambani. Kampala, Uganda, kinamasi cha Nakivubo kimekuwa kwa miaka mingi kikipokea maji machafu ya mji kabla hayajaingia Ziwa Victoria, na kikifanya bila malipo sehemu ya kazi ya mtambo wa kusafishia.

Tatu, kinahifadhi. Udongo wa kinamasi ni kama sifongo. Hunywa maji wakati wa masika na kuyaachia taratibu wakati wa kiangazi.

Nne, kinalea. Samaki wadogo hujificha kati ya mizizi. Wadudu huzaliana, na ndege huja kuwala: mkamata nzi, mnana, mdiria na wengineo.

Nasi wa mkoa wa Morogoro tusidhani kwamba mambo makubwa yako ziwani tu. Bonde la Kilombero, ambalo lilitambuliwa mwaka 2002 kuwa ardhioevu yenye umuhimu wa kimataifa, lina mnana wake wa pekee ambaye maelezo yake ya kisayansi yalitolewa mwaka 1990. Ndege wengine wawili wadogo wa majani ya bonde hilo walionekana na wataalamu tangu miaka ya 1980, lakini walipewa majina rasmi ya kisayansi mwaka 2021 tu. Fikirini: ndege waliokuwa wakiimba karibu na mashamba ya mpunga ya mkoa wetu walisubiri hadi juzi kupata majina. Anayefyeka kinamasi chote hajui anafuta nini.

LAKINI MBU JE?

Hili ndilo swali linaloulizwa kila mara, na linastahili jibu la kweli.

Wapo wanaosema ndege hawa wanatumalizia mbu. Tusidanganyane. Mkamata nzi huwinda mchana kwa macho, wakati mbu wa malaria huuma zaidi usiku. Hakuna ndege anayechukua nafasi ya chandarua. Kila mtu alale ndani ya chandarua chenye dawa, na mwenye homa aende kupima.

Wapo pia wanaosema tufyeke kinamasi ili mbu waishe. Huko nako kuna kosa. Baadhi ya mbu wakuu wanaoeneza malaria hupenda vidimbwi vidogo vyenye jua, kama vile nyayo za ng'ombe, mashimo ya matofali na mifereji kati ya matuta. Maji yaliyofunikwa na mafunjo mazito huwa na kivuli na ubaridi. Utafiti uliofanywa Kabale, kusini-magharibi mwa Uganda, na kuchapishwa mwaka 2000, ulilinganisha vijiji vilivyo karibu na vinamasi vya asili na vijiji vilivyo karibu na vinamasi vilivyogeuzwa mashamba. Kwenye mashamba joto lilikuwa juu zaidi, na mbu wa malaria majumbani walikuwa wengi zaidi. Sababu ni kwamba joto likipanda, mbu hukua upesi, na vijidudu vya malaria ndani yake pia hukomaa upesi.

Kwa hiyo kufyeka si dawa ya malaria. Kunaweza hata kuiongeza.

MTO WETU NGERENGERE

Sasa turudi nyumbani. Mto Ngerengere unaanzia kwenye miteremko ya Uluguru. Unaingia bwawa la Mindu, ambalo tangu miaka ya 1980 ndilo tegemeo kubwa la maji kwa mji wa Morogoro. Ukitoka hapo unaupita mji, unakusanya maji ya mito mingine inayoshuka mlimani, unaelekea mashariki hadi kwetu Ngerengere, na mwishowe unaungana na Ruvu. Ruvu nayo ndiyo inayonywesha sehemu kubwa ya jiji la Dar es Salaam kupitia mitambo ya Ruvu Juu na Ruvu Chini.

Mwisho wa mwaka 2022, mvua zilipochelewa na Ruvu kupungua sana, Dar es Salaam iliingia katika mgawo wa maji. Mwezi Novemba mwaka huo huo ulisainiwa mkataba wa kujenga bwawa la Kidunda, katika wilaya yetu ya Morogoro, litakaloweza kuhifadhi lita bilioni 190. Mabwawa makubwa yana kazi yake. Lakini kila bwawa linaogopa adui mmoja, naye ni udongo. Mindu imekuwa ikijaa tope mwaka hadi mwaka, na tope hilo linatoka kwenye mashamba ya miteremko na kingo zilizobaki wazi. Tete moja halizuii kitu. Matete ya kilometa nzima yanazuia mengi.

Tatizo ni kwamba ukingo wa mto ndio ardhi bora ya kiangazi. Mama anayelima mchicha, nyanya na bamia mabondeni mwezi Septemba hafanyi hivyo kwa kupenda kuharibu. Analipa ada ya shule na kununua dawa. Mfugaji anayeleta ng'ombe mtoni naye hana maji mengine. Wachoma matofali nao wanafuata udongo na maji mahali pamoja. Mtu akisema tu, "Ondokeni mtoni," bila kuuliza watakula nini, hajasaidia mto wala watu.

SHERIA INASEMA NINI?

Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kudumu za binadamu, au zinazoweza kwa asili yake kuathiri hifadhi ya mazingira, ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto, bwawa, ziwa au bahari. Kwa hatua za mtu mzima ni kama hatua 80. Aidha, Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya mwaka 2009 inataka anayechukua maji ya mto kwa pampu au mfereji awe na kibali. Kwa upande wetu, vibali hutolewa na Bodi ya Maji ya Bonde la Wami/Ruvu, yenye ofisi Morogoro mjini. Kuchota maji ya nyumbani kwa ndoo hakuhitaji kibali.

Hata hivyo, tunapenda kuwakumbusha kwamba sheria peke yake haioteshi matete. Wazee wa Uluguru wanakumbuka habari za miaka ya 1950, serikali ya kikoloni ilipowalazimisha watu kuchimba matuta ya ngazi milimani ili kuzuia mmomonyoko. Shabaha ilikuwa kuokoa udongo, lakini amri ilikuja na adhabu, kazi ilikuwa nzito, na faida haikuonekana kwa mkulima. Mwaka 1955 watu walifanya ghasia huko Matombo, na mpango ule ukaachwa.

Linganisheni na jaribio jingine la milimani humo humo. Kuanzia mwaka 2006 mashirika ya CARE na WWF yaliendesha mpango katika Kata ya Kibungo Juu, ambako wakulima waliokubali kupanda miti na kulima kwa kuhifadhi udongo walilipwa na watumiaji wa maji walio chini, ikiwamo DAWASCO iliyokuwa ikisambaza maji Dar es Salaam. Malipo hayakuwa makubwa, lakini wazo lilikuwa sahihi: anayetunza maji juu asiachiwe gharama peke yake na anayekunywa chini. Safari hii mkulima alikuwa mshirika, naye aliona kuna sababu ya kushiriki.

KAMATI IFANYE NINI?

Tunashauri hatua ambazo kamati yoyote inaweza kuzianza bila kusubiri fedha.

1. Tembeeni mtoni. Wajumbe wachache, mwenyekiti wa kitongoji, mkulima wa bustani, mfugaji na kijana mmoja anayejua kuandika vizuri waifuate sehemu yao ya mto kwa asubuhi moja. Andikeni mahali ambapo matete yamebaki, mahali ambapo ukingo umebomoka, mahali pa kunyweshea mifugo na mahali pa kuchota maji.

2. Anzeni kwa kulinda kilichobaki. Kipande cha matete kilichopo ni rahisi kukitunza kuliko kukiotesha upya. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

3. Sogezeni bustani, msizifute. Bustani iliyo nje ya mita 60 inaweza kumwagiliwa kwa pampu ya kukanyaga au kwa mpira wa maji, baada ya kupata kibali. Hapa ndipo msaada wa mfadhili unapofaa zaidi, kwa sababu mkulima anayehama ukingoni bila maji amepewa adhabu tu.

4. Chagueni njia moja ya mifugo. Ng'ombe wakishuka kila mahali ukingo wote hubomoka. Wakishuka mahali pamoja palipowekwa mawe, au wakijengewa birika pembeni, mto hupumua. Jambo hili lipangwe pamoja na wafugaji wenyewe, na si kwa kuwapelekea barua.

5. Kateni matete kwa zamu, msichome. Matete ni ya kuezekea na ya kujengea uzio, nayo yakikatwa huota tena. Kateni kipande kimoja, acheni kingine hadi msimu ujao. Msikate wakati viota vina mayai au makinda. Moto huua vyote kwa pamoja.

6. Angalieni dawa za kunyunyizia mboga. Bomba la dawa lisioshwe mtoni, na chupa tupu zisitupwe majini. Dawa inayoua wadudu wote ukingoni humnyima ndege chakula, na maji hayo hayo yanachotwa na watoto wetu.

7. Hesabuni ndege. Wanafunzi wanaweza kusimama mahali pamoja kwa nusu saa, mara moja kwa mwezi, na kuandika aina ngapi za ndege wameona. Hawahitaji kujua majina ya Kilatini. "Mdogo wa kijivu anayeruka na kurudi" inatosha. Wasiingie majini bila sababu, kwa ajili ya kichocho na mamba. Baada ya miaka 2 au 3 daftari hilo litaonyesha kama ukingo unapona.

NENO KWA WAFADHILI

Tunajua kwamba mradi wa kuacha majani yaote haupigi picha nzuri. Hakuna jiwe la msingi wala utepe wa kukata. Kisima kinaonekana siku ya kwanza. Ukingo wa mto huonekana baada ya misimu kadhaa. Lakini kisima kifupi kilichochimbwa bondeni hupata maji kutoka kwenye udongo ule ule unaonyweshwa na mto. Mto ukikauka mapema, na kisima hicho hushuka. Tunaomba, mnapopokea maombi ya visima na bustani, muulize pia: ukingo wa karibu una hali gani, na nani anautunza? Swali hilo moja litawafanya waombaji watembee mtoni kabla ya kuandika.

Tuwe waangalifu pia na miradi inayoanza kwa kukausha bonde ili kupata shamba. Mavuno ya mwaka wa kwanza na wa pili huwa mazuri, kwa sababu udongo umejaa rutuba ya miaka mingi. Baadaye rutuba hupungua, maji hushuka, na sifongo iliyokauka hairudi upesi kuwa sifongo.

MWISHO

Mkamata nzi wa kinamasi anaishi mbali nasi, kwenye mafunjo ya Ziwa Victoria. Hatujui kama kuna atakayemwona katika safari zake za Mwanza au Bukoba. Lakini ndugu zake wapo hapa. Mwezi Oktoba, yule mgeni wa kutoka Ulaya atatua tena juu ya kijiti karibu na mto na kuanza kuruka na kurudi. Atakachohitaji ni mahali pa kukaa, wadudu wa kula, na ukingo wenye majani. Sisi tutahitaji maji mwezi huo huo, na yanatoka hapo hapo.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KAMATI NA JUMUIYA

1. Sehemu yetu ya mto ilikuwaje wazee wetu walipokuwa watoto? Matete yaliishia wapi?
2. Ni nani atakayepoteza kipato tukiacha mita 60, na tutamsaidiaje?
3. Mwaka uliopita maji yalipungua mwezi gani, na nani aliteseka kwanza?
4. Ni kipande gani kimoja cha ukingo tunaweza kukubaliana kukilinda kuanzia masika yajayo?